Kaimati Anauma

Jina alipewa kwa rangi, ile hudhurungi ya kuiva ndani ya mafuta,
wala si kwa utamu.
Wiki ya kwanza alinichuna bega.
Ya pili alichukua kofia, na ndani ya kofia, nywele.
Bwana Mselemu akanikabidhi fimbo ya mkwaju:
"Mpige puani. Farasi hana kamusi nyingine."

Nikampiga.
Akajifunza upesi kuliko nilivyotaka:
akajifunza kuuma na kukwepa kwa pumzi moja,
akajifunza kungoja nigeuke kuchota maji.
Kila nikiinua mkono, hata kujikuna,
kichwa kilipaa hadi kwenye boriti za banda
na jicho likabaki na weupe pande zote.

Sikukuu ya Mfunguo Mosi, uwanja wa Tangamano,
watoto walipanga foleni na sarafu za mia tano:
panda, picha, shuka, mwingine.
Kila mmoja alimlisha kitu mkononi,
kashata, ubuyu, ncha ya muhogo wa kukaanga.
Viganja mia, vyote vitamu.
Cha mia na moja kilikuja kitupu.
Akakiuliza kwa meno.

Mwezi uleule akamng'ata bwana harusi
Barabara ya Kumi na Mbili, mbele ya matarumbeta.
Joho lilichanika. Watu walicheka, mkwe hakucheka.
Usiku Bwana Mselemu akamtaja mtu wa Pongwe
mwenye mkokoteni wa mchanga.

Niliomba siku arobaini.

Siku ya kwanza sikufanya kitu.
Nilikaa juu ya debe, nje ya kamba, nikasoma masikio.
Masikio ya farasi huyatangulia meno
kama wingu juu ya Usambara linavyoitangulia mvua ya Muheza.
Miaka yote mimi nilikuwa nasikia radi tu.

Siku ya nne nilivua tandiko taratibu kuliko kawaida
nikaona: mkanda wa tumbo, pale ulipokatika,
mtu aliuunga kwa kamba ya katani.
Mtu huyo mimi.
Fundo langu la haraka, la Ijumaa jioni,
lilikaa chini ya kwapa lake miezi saba,
likila.
Ngozi pale ilikuwa mbichi kama papai lililokwanguliwa.

Lugha yetu inalijua jambo hili, sisi ndio hatuisikii:
kuuma ni kwa meno, kuuma ni kwa kidonda.
Kaimati anauma, nilimwambia kila mtu mjini.
Wapi panamuuma, sikuuliza.

Basi maji ya chumvi, mafuta ya nazi, wiki tatu bila tandiko.
Chakula ndooni, si kiganjani, hata punje.
Akileta mdomo sipigi, sirudi nyuma;
kiwiko changu kimeshafika pale kabla yake,
mfupa mtupu, usio na hasira,
ajigonge mwenyewe, ashangae.
Kisha hatua tatu za kinyumenyume, polepole,
na akitulia namkuna juu ya mabega
mahali ambapo mama yake angemkuna.

Usidhani aligeuka malaika.
Siku ya thelathini na moja alinibana kidole
nami nikiwa nimeinamia simu.
Haki ilikuwa upande wake, kiasi.
Siku ya arobaini Bwana Mselemu alinyoosha kiganja kitupu.
Kaimati alikinusa, akafikiri,
akaigeukia ndoo.

Jana mwalimu wa chekechea, Chumbageni, alinipigia:
Mejumaa amemng'ata mwenzake shavuni.
Nilifika mkono ukiwa nusu juu.
Alikuwa kwenye kona, kidevu kimeinuka,
jicho lina weupe pande zote.
Hapo nikauona mkono wangu.
Nikaushusha. Nikachuchumaa.
Sikujua pa kuanzia,
nikaanza na viatu,
nikifungua kamba taratibu kuliko kawaida.